Machozi ya Prefe

Prefe alilia vizuri kuliko mtu yeyote niliyewahi kumwona. Machozi yake hayakuwa ya fujo. Yalikuja polepole, jicho la kushoto kwanza, yakashuka mpaka kwenye ndevu, na yeye hakuyafuta kabla hajamaliza sentensi aliyokuwa akisoma. Ndipo alipotoa kitambaa cheupe mfukoni mwa koti, akajifuta, akakikunja vizuri, akakirudisha, akalamba kidole na kufunua ukurasa. Sisi tuliokaa mbele yake tulilia pamoja naye. Siku hizi nikikumbuka kile kidole chenye mate kikigusa pembe ya karatasi, nasikia kichefuchefu, na sioni kwa nini nifiche.

Kwetu Karuba, kwenye milima ya Masisi, mkuu wa shule ya sekondari anaitwa prefe, na akishaitwa hivyo jina humganda hata akistaafu. Mama alimwita Prefe. Mke wake mwenyewe alimwita Prefe, hata akimwita kula. Alikuwa mrefu, mwenye koti la kijivu na boti za mpira, maana matope ya Karuba hayajui cheo cha mtu. Alitembea katikati ya njia, na ng'ombe walimpisha.

Nyumbani kwake palikuwa na sanduku la bati lililojaa vitabu. Sanduku lilinuka mafuta ya taa, kwa sababu alilipaka ndani kuzuia mchwa, na hata sasa nikisikia harufu ya taa ya chemli nawaza kwamba mtu anakaribia kusoma. Karibu vitabu vyote vilikuwa vya Kifaransa, na karibu vyote vilikuwa vya aina moja. Maskini anaonewa, tajiri anaonea, hakimu anaamua. Vitabu vya mapenzi hakuvitaka. Alisema, "Mapenzi iko kila pahali, hata mu migodi. Haki njo inakosekana," yaani haki ndiyo haipatikani.

Kila Jumapili baada ya ibada tulikusanyika katika darasa moja la shule, watu wazima kwa vijana, wengine na majembe yao kabisa. Prefe alisoma kipande kwa Kifaransa, sauti nzito kama ya padri, kisha akakieleza kwa Kiswahili chetu. Wengi wetu hatukujua Kifaransa, lakini hakuna aliyemwambia aache kukisoma. Tulitaka kusikia maneno yenyewe kwanza.

Lakini kilichotuleta pale, hata wakati wa mvua kubwa, ni desturi yake moja. Hadithi ilipofika mahakamani, mashahidi wamekwisha sema na hakimu amekohoa tayari kutoa hukumu, Prefe alifunga kitabu na kidole chake kikiwa ndani. "Apa njo nafunga," alisema. "Sasa muhukumu nyinyi."

Hapo sasa ndipo moto ulipowaka. Wakulima waliosimama mbele ya bwana-shamba kofia mkononi, wanawake ambao kanisani husema amina tu, wote walisimama kuhukumu. Tulibishana mpaka giza likaribie. Ikishindikana, kesi ilibaki wazi wiki nzima, na ungewasikia watu wakiendelea nayo huku wanapalilia maharage, mmoja juu ya kilima, mwingine chini, wakipigiana kelele juu ya mjane wa nchi ambayo hakuna aliyejua iko wapi. Jumapili iliyofuata Prefe alifungua kitabu akasoma hukumu yenyewe. Waliopatia walitembea vifua mbele mpaka Jumatano.

Nakumbuka jirani yetu mmoja, mtu aliyejulikana kijiji kizima kwa kumpiga mkewe. Siku tuliposoma kitabu cha mume mkatili, yeye ndiye aliyesimama wa kwanza akataka yule mume afungwe maisha. "Mi nakataa," alisema, "muntu apige bibi yake sawa ngoma? Afungwe." Mkewe aliinama akacheka ndani ya kikwembe chake mpaka mabega yakatikisika. Prefe alimsifu yule bwana kwa moyo wake mwema. Tulicheka sana siku ile. Sasa naona kwamba kila kitu kilikuwa mbele ya macho yetu tangu zamani, ila tulikichukua kuwa mzaha.

Prefe alikuwa na neno moja alilolipenda. Kitabu kikimshika, aligusa mfuko wa koti lake upande wa moyo, kule kule alikoweka kitambaa, akasema, "Njo pale iko konsiansi," yaani dhamiri. Watoto wa shule walimwigiza. Mtu akiiba muhogo, wenzake waligusa vifua vyao wakasema konsiansi, konsiansi, halafu wakala naye ule muhogo.

Sitaki kusema uongo kwa sababu ya hasira. Kuna mambo mema ambayo siwezi kumnyima. Mimi ni mwalimu leo kwa sababu yake. Baba alipokufa na watu wakasema msichana akae nyumbani alime na mama yake, Prefe alipanda kilima mpaka kwetu akiwa na boti zake, akakaa kwenye kibao, akamwambia Mama, "Huyu mutoto atasoma. Aje kesho." Nilikwenda kesho yake. Aliniazima vitabu alivyovifunga kwa plastiki ya mfuko wa sukari, na nikivirudisha aliniuliza, si kilichotokea ndani, bali nani alikuwa na haki. Na siku moja watu wenye silaha walifika shuleni wakitaka wavulana wakubwa wa kuwabebea mizigo. Prefe alisimama mlangoni mwa darasa, mikono kwenye miimo miwili, akawaambia wamchukue yeye. Walimpiga kofi, wakaondoka bila mtoto hata mmoja. Niliona kwa macho yangu. Shavu lake lilivimba, na Jumapili alisoma kama kawaida.

Basi huyo huyo aliwapeleka wanafunzi kulima viazi vyake. Kila Jumamosi, darasa moja moja, majembe begani. Kipindi kilikuwa na jina zuri la kazi za mikono, na mikono ilikuwa yetu, na viazi vilikuwa vyake. Wakati fulani alitusomea kitabu cha watu waliolazimishwa kulima shamba la tajiri chini ya jua, mmoja akaanguka akafa kwenye mtaro. Prefe alilia karibu ashindwe kuendelea. Jumamosi iliyofuata tulikuwa kwenye viazi. Mwanafunzi mmoja mwenye mdomo alimwuliza kama hiki si kile cha kwenye kitabu. Prefe hakukasirika hata kidogo. Alimtazama kwa huruma ya kweli, akasema, "Hapana, mutoto. Hii iko formation," yaani mafunzo. Akaenda zake akiimba wimbo wa kanisa.

Tena, katika darasa lile la Jumapili, wanaume walikaa kwenye madawati na wanawake kwenye mikeka chini. Tulihukumu mara nyingi kwamba mwanamke ni sawa na mwanamume, tukiwa pale pale kwenye mikeka, na hakuna aliyehama. Hayo niliyaona madogo wakati ule. Mtu mzima ana mambo yake, nilijiambia.

Sasa niseme habari ya shamba, maana bila hiyo mtu atadhani nina chuki tu.

Sehemu kubwa ya kilima chetu iko ndani ya malisho ya tajiri mmoja anayekaa Goma. Wazee wanasema zamani kilikuwa mashamba ya watu, halafu siku moja kikawa chake, na karatasi iko mjini. Anayetaka kulima humo anapewa kipande, naye analipa kwa salongo, yaani siku za kazi bila mshahara. Unakata majani, unatengeneza ua, unachimba mifereji ya ng'ombe. Kanuni yake kila mtu anaijua tangu utotoni. Katika kipande cha salongo unapanda kinachovunwa kikaisha, maharage, mahindi, mtama, viazi. Mgomba hupandi. Kahawa hupandi. Mti wa kukaa miaka ni wa mwenye udongo, na ukiupanda umesema kwamba udongo ni wako.

Kipande cha Mama kilikuwa kile kile alicholima baba mkwe wake kabla ng'ombe hawajafika. Alikilima kwa salongo kama wengine, na hakuwahi kulalamika mbele ya watu.

Jumapili moja Prefe alisoma kitabu cha bibi kizee aliyefukuzwa shambani na tajiri. Mahakamani bibi anaulizwa ana ushahidi gani, naye anaonyesha miti aliyoipanda kwa mkono wake. Prefe akafunga kitabu. Watu wakabishana. Mama hakuwa msemaji, lakini siku ile alisimama. Alisema, "Tajiri anaweza kuleta karatasi, karatasi inaandikwaka siku moja tu. Mti hauwezi kumea siku moja. Yule alipanda, njo mwenye kuwa pale. Shamba iko ya mama." Prefe akafungua kitabu akasoma, na hukumu ya kitabu ilikuwa ile ile. Alilia. Akamwambia, "Mama, weye ulizaliwa jaji." Tangu siku hiyo kijiji kizima kilimwita Jaji, na yeye alijifanya haimfurahishi.

Wiki ile Mama alikuwa na jambo kichwani. Sheria ya Leta, yaani ya serikali, imeandikwa kwa Kifaransa. Kitabu kile kimeandikwa kwa Kifaransa. Vyote viwili vinakaa kwa Prefe, katika sanduku moja, na Prefe ndiye mtu pekee Karuba anayevieleza. Mtu wa mjini atacheka, lakini sisi tungejuaje kwamba karatasi moja ina nguvu na nyingine haina, wakati zote zinasomwa na mdomo mmoja, kwa sauti moja, na mtu mmoja aliyevaa koti moja? Hata hivyo Mama hakukurupuka. Alikwenda kumwuliza, na mimi nilikuwa naye.

Tulimkuta anakamua ng'ombe. Mama akamwamkia, akasimama mbali kidogo kwa heshima. "Prefe, ile maneno ya kitabu, ya mama na miti yake. Iko ya kweli?"

Prefe aliinua uso. Aling'aa, naapa. Hakuna aliyewahi kumwuliza swali lililomfurahisha hivyo. "Mama," alisema, "iko ya kweli kuliko kweli."

Msimu wa mvua ulipoanza Mama alipanda migomba. Aliipanda mchana, kando ya njia, mahali ambapo kila mpita njia angeiona. Hakuna mwizi anayefanya kazi hivyo. Watu walipita wakaitazama, wengine wakatikisa kichwa, na mmoja alimwambia anatafuta matatizo. Mama alijibu kwamba Prefe anajua.

Jera, yaani msimamizi wa malisho, aliiona ilipokuwa imefika kiunoni. Alipeleka kesi kwenye barza, baraza la wazee linalokaa kwa shefu, yaani chifu, kuamua mambo ya udongo. Wazee wa barza walikuwa watu wa umri, na Prefe alikuwa mmoja wao. Kwa kuwa alijua kusema, wao waliitikia kwa vichwa na yeye alitoa hukumu. Mama alisikia hivyo akafurahi. Asubuhi alivaa kikwembe cha kanisani. Njiani aliniambia tutarudi mapema.

Jera alisema maneno machache. Mwanamke huyu yuko kwa salongo na amepanda migomba, basi. Mama aliposimama hakuwa na wasiwasi. Alieleza habari ya baba mkwe wake, akaeleza migomba, kisha akasema, "Prefe anajua. Sisi bote tulisikia, na nilimuuliza, akasema iko kweli." Akamgeukia, akangoja.

Prefe hakumtazama. Alitazama jembe lililoegemezwa ukutani, na macho yake yalikuwa makavu kabisa. Alisema kwa ile sauti nzito ya Jumapili. "Kufuatana na desturi ya apa kwetu, muntu wa salongo apandi mugomba. Huyu mama anajua. Akipanda, anataka kuiba udongo ya muntu. Migomba itaondolewa, kipande kinarudi kwa mwenyewe. Na mama asikie vizuri. Kuiba udongo njo kuiba."

Hakutaja kitabu. Hakusema hata kwamba mama huyu alichanganya mambo, neno ambalo lingemwondolea aibu. Alimwita mwizi mbele ya watu wote ambao walikuwa wakimwita Jaji, kisha akauliza kama kuna kesi nyingine.

Shamba lilichukuliwa siku ile ile. Vijana wa jera waliing'oa migomba, wakaiacha njiani, na mbuzi wakaila. Ningesema shamba ndilo lililomuuma Mama, lakini yeye alisema udongo ni udongo, ataomba mwingine. Kilichomuuma ni lile neno. Alipokwenda kuomba kipande mahali pengine, walimwambia kwa adabu kwamba hawana. Kisimani wanawake walinyamaza akifika. Aliniambia mara moja tu, na hakurudia, kwamba anataka kitu kimoja duniani. Mdomo uliomwita mwizi mbele ya watu uliondoe neno hilo mbele ya watu. Hataki hata shamba.

Jumapili iliyofuata Prefe alisoma. Nilikwenda peke yangu, kuona kama ataweza. Aliweza. Kitabu kilikuwa cha yatima aliyedhulumiwa urithi wake, na kilipofika mahali pa uchungu, jicho la kushoto likaanza, kama kawaida yake. Watu wale wale wa barza walikaa kwenye madawati wakisikitika. Nilitoka nje nikatema mate kwenye matope, na nadhani walinisikia.

Baadaye nilikwenda kumrudishia kitabu chake cha mwisho, na nikamwuliza kwa nini. Nilitegemea atakasirika au atajificha. Hakufanya hata kimoja. Alinikaribisha, akaagiza niletewe maziwa, akaongea nami kama mtu mzima na mwenzake.

"Dada, weye umesoma," alisema. "Ile ni literatire, hadithi tu. Usichanganye."

"Mama alikuuliza. Ukamwambia iko kweli."

"Iko kweli." Aligusa mfuko wake wa moyo. "Apa ndani iko kweli. Lakini angalia kule." Alinyoosha kidole mlimani, kwenye malisho. "Ngombe zangu zinakula kwa nani? Jera akisema zitoke, nitazipeleka wapi? Mu kitabu?"

Alicheka kidogo, kicheko cha mtu aliyeeleza jambo rahisi. Yale maziwa niliyaacha kwenye kikombe. Mpaka leo sijui ni lipi linanichefua zaidi, kwamba aliuza roho ya mama yangu kwa majani ya ng'ombe, au kwamba aliniambia bila aibu, akiamini nitamwelewa kwa kuwa ni yeye aliyenifundisha kusoma.

Mama na mimi tulishuka Ntoto, upande wa Walikale, kwa dada yake mkubwa. Huko ni chini, kuna joto, watu wanakula mawese na sombe ya majani ya muhogo, na hakuna aliyetujua. Mama alipewa mahali pa kulima. Mimi nilianza kufundisha shule ya msingi. Miaka ilipita, na tulikuwa karibu kusahau, kama vita isingewasukuma watu wa Masisi msituni. Walifika makundi makundi, na magodoro kichwani, miguu imevimba. Kati yao walikuwepo watu wa Karuba. Wengine walimwamkia Mama kwa furaha. Wengine waliwaambia wenyeji pembeni kwamba yule mama tunamjua, alikuwa na maneno ya udongo kule kwetu. Neno lilikuwa limetembea nao njia nzima, pamoja na masufuria.

Siku chache baadaye akafika Prefe. Alikuwa amekonda, koti limekuwa kubwa, na boti moja ilifungwa kwa kamba ya mgomba. Ng'ombe wake waliliwa na wenye silaha. Sanduku lilibaki Karuba. Mama aliposikia alisonga ugali, akatengeneza sombe, akanituma nipeleke. Nilikataa. Akapeleka mwenyewe. Aliporudi nilimwuliza amesema nini. "Alisema asante," Mama alijibu. "Alikula yote." Alikaa akipanga kuni. Nilijua kwamba alikuwa amekwenda kumpa nafasi ya kusema, na kwamba hakusema.

Haikupita muda watu wakasema Prefe atasoma Jumapili, katika kibanda cha kanisa. Alikuwa ameokoa kitabu kimoja. Mama akasema tutakwenda. Alibeba kibao chake, hakutaka kukaa kwenye mkeka.

Kibanda kilijaa, wenyeji wa Ntoto na wakimbizi pamoja. Prefe alisimama, akalamba kidole, akafungua kitabu katikati. Safari hii hakusoma Kifaransa. Alisema atatueleza moja kwa moja ili tusichoke. Na hadithi ilikuwa hii. Katika nchi moja ya mbali alikuwepo mjane aliyelima kwenye kilima cha tajiri. Akapanda malimau. Akashtakiwa. Mjane alikuwa na binti anayejua kusoma. Kulikuwa na jaji ambaye mjane alimwamini, na jaji yule akamhukumu kuwa mwizi.

Mkono wa Mama ulikuwa juu ya goti langu. Mimi nilikuwa nimekaa kando yake, karibu na meza, na nikanyoosha shingo. Kurasa zilikuwa na michoro ya vibanda. Kilikuwa kitabu cha kufuga sungura.

Niliendelea kusikiliza kwa sababu nilitaka kujua mjane atafanya nini. Hakufanya kitu. Aliponyang'anywa shamba alitoka kwenye hadithi, hakurudi tena. Yote yaliyofuata yalikuwa ya jaji. Jaji hakulala usingizi. Jaji alipoteza ng'ombe wake, nyumba yake, akatembea msituni peke yake akiita jina la Mungu. Moyo wa jaji ulimtafuna mpaka akawa mifupa. Prefe alieleza kwa ustadi kuliko siku zote za Karuba, na machozi yakaja, na kitambaa, ambacho sasa kilikuwa cha rangi ya udongo, kikatoka. Wanawake wa Ntoto walilia kwa sauti.

Akafunga kitabu, kidole ndani. "Sasa muhukumu nyinyi."

Mama mmoja wa Ntoto alisimama akasema yule jaji ameteseka vya kutosha, asamehewe. Mzee mmoja akasema hata yeye anasamehe, kwa sababu mtu anayelia hivyo si mbaya. Wengi wakaitikia. Prefe aliinamisha kichwa, akagusa mfuko wake. Nilielewa kwamba hii ndiyo iliyomleta, kwamba alikuwa amejitengenezea barza yake na ilikuwa inampa alichotaka.

Ndipo bwana mmoja wa Karuba, mtu mwema asiyejua lolote la sungura, akasema, "Jaji wetu wa zamani iko apa. Aseme yeye pia."

Watu wakamgeukia Mama. Mama hakusimama. Alimtazama Prefe kama alivyomtazama siku ile kwa shefu, alipomgeukia akangoja.

"Prefe," alisema, "huyo jaji iko na jina?"

Mvua ilikuwa imeanza kudondoka kwenye majani ya paa. Prefe alifungua kitabu. Alikitazama muda mrefu, ukurasa wa vibanda vya sungura, kama mtu anayetafuta mstari alioupoteza. Watu walingoja. Mimi pia nilingoja, na naona haya kusema kwamba hata wakati ule, baada ya yote, nilitumaini.

"Mu kitabu," alisema, "banamuita tu jaji."

"Basi mi siwezi kumusamehe," Mama akasema. "Muntu hana jina, nitamusamehe namna gani?"

Akachukua kibao chake akatoka, na mimi nikamfuata. Hatujafika barabarani nikasikia watu wakimwomba Prefe asome nyingine.